Tambara Jekundu Getini

Mama yangu huwaambia watu kanisani kwamba kazi yangu ni kutengeneza simu. Nimemrekebisha mara nyingi, kisha nikachoka, kwa sababu kila nikimweleza ukweli hunitazama kama mtu aliyepeleka mtoto mmoja shuleni akarudishiwa mwingine. Ukweli wenyewe ni kwamba ninalipwa kukaa kando ya mtu anayetumia mashine na kutazama anapokwama. Akikwama, naandika. Basi.

"Na huyo anayekwama," aliniuliza siku moja akikatakata sukuma wiki, "unamsaidia?"

"Hapana. Nikimsaidia nitaharibu utafiti."

Akaweka kisu chini. "Hivyo ndivyo tulivyokulea?"

Nikachukua kile kisu, nikamalizia mboga. Kwa kawaida anayeuliza maswali ni mimi. Tangu darasa la nne walimu walikuwa wakiandika kwenye ripoti yangu kwamba ninauliza sana, na kwa namna walivyoandika ilionekana kwamba huo ni ugonjwa.

Kazi hii niliianza kabla sijajua kwamba ina jina. Nikiwa mwanafunzi wa chuo kikuu kule Njoro, likizo zangu nilizimalizia kwenye duka la mjomba wangu mjini Nakuru. Ng'ambo ya barabara palikuwa na ofisi yenye mlango wa kioo. Mlango uliandikwa VUTA, lakini ulikuwa na kibati kipana cha chuma, cha aina ambayo mkono wowote wenye akili hukisukuma. Nikawa nakaa na hindi langu la kuchoma, natazama. Watu walisukuma, wakagonga paji la uso, wakarudi hatua moja, wakasoma, wakavuta. Kugonga hakukunishangaza. Kilichonishangaza ni kwamba walijilaumu. "Ai, mimi nayo!" alisema mama mmoja akicheka peke yake. Mzee mmoja alivua kofia na kuupapasa mlango kama anayeuomba msamaha. Nikajiuliza kwa nini mzee ndiye anayeomba msamaha, na aliyeuweka mlango ule yuko wapi saa hizi, anakunywa chai na nani.

Ndiyo hivyo nikaingia kwenye utafiti. Nilitaka kumtafuta yule aliyeweka mlango. Sikujua kwamba siku moja nitampata, na kwamba atakuwa amevaa gambuti zangu.

Mradi wetu wa kwanza mkubwa pale chuoni ulikuwa wa ng'ombe. Ng'ombe wa maziwa asipozaa hana maziwa, na hawezi kushika mimba ila akipandishwa katika zile saa chache anapokuwa na joto. Saa hizo zikipita, unangoja siku ishirini na moja. Huku kwetu wengi hawafugi dume. Wanamtegemea mtaalamu anayezunguka na pikipiki, mbegu za madume zikiwa kwenye mtungi wa baridi kali nyuma ya kiti. Kila mtu humwita daktari, hata kama yeye mwenyewe anakana. Sisi tukatengeneza programu ya simu: mfugaji anabonyeza, ombi linamfikia daktari, daktari anakuja. Mkuu wangu wa kazi, mhadhiri anayependa grafu kuliko watu wengine wanavyopenda nyama choma, alisema tutabadilisha ufugaji wa bonde zima.

Tukaijaribu kwa wafugaji. Mwisho wa kila jaribio tuliuliza: kutoka moja hadi tano, programu hii ni rahisi kiasi gani? Wote walisema tano. Mzee mmoja alisema tano akiwa ameshika simu juu chini. Mama mwingine alisema tano kabla sijafungua programu.

"Matokeo mazuri sana," alisema mkuu wangu.

"Matokeo ya chai," nikasema.

"Nini?"

"Wametupa chai, wametupa viazi, wametupa na kiti chenye mto. Mtu aliyekupa kiti chenye mto atakwambiaje kwamba kitu chako ni kibaya?"

Alikunja grafu zake. Kisha akaniambia kwamba kama ninajua sana, niende nikakae na mfugaji mmoja wiki nzima, nisifundishe, nisiulize moja hadi tano, nitazame tu. Nadhani ilikuwa adhabu. Mimi niliipokea kama zawadi.

Nikapelekwa Dundori, milimani juu ya Nakuru, kwa mama mzee mmoja ambaye majirani wote walimwita shosho, yaani bibi, nami nikamwita hivyo hivyo. Alikuwa mfupi, mwenye macho makali na sweta mbili, moja ya kushindia na moja ya wageni, zote akizivaa pamoja kwa sababu ya baridi. Mimi alinibatiza mwalimu. Nilimwambia si mwalimu, akasema, "Haya, mwalimu."

Jumatatu alinionyesha ng'ombe wake. Alikuwa mmoja tu, mweusi mwenye doa jeupe kwenye paji la uso.

"Mama yake alikufa akimzaa," aliniambia. "Huyu nimemnyonyesha na chupa ya soda, hapo jikoni. Usiku alikuwa analala karibu na jiko, kama paka."

Ng'ombe mwenyewe, mkubwa kama kabati, alikuwa akilamba mkono wa sweta.

Shida ilikuwa kwamba alikuwa amepandishwa mara mbili na hakushika. Mtoto wa kiume wa shosho, anayefanya kazi kwenye mashamba ya maua kule Naivasha, alikuwa ameshatoa hukumu kwa simu. Nyumba haiwezi kulisha ng'ombe asiye na maziwa wala ndama. Mara ya tatu akishindwa, mchinjaji atakuja.

"Na wewe unasemaje, shosho?"

"Mimi nasema ya tatu bado." Akampiga ng'ombe kofi dogo la mgongoni. "Umesikia? Bado."

Usiku wa Jumanne mvua ilinyesha, na asubuhi ya Jumatano nilipanda kutoka chumba nilichokodi hapo senta, kwenye maduka, nikiwa nimebeba nusu ya udongo wa Dundori kwenye gambuti. Matope ya huko hayana haya. Yanakupanda. Nilipofika getini kwa shosho niliona, nikamshukuru Mungu, tambara jekundu limefungwa kwenye mwimo. Kwetu Nakuru, kila mlango una tambara la kupangusia viatu, na ukiingia bila kulitumia utalisikia jina lako lote hadi la babu. Basi nikalifungua, nikapangusa gambuti vizuri, nyayo na pembeni. Na kwa sababu nililelewa, licha ya mashaka ya mama yangu, nililisuuza kwenye ndoo ya bomba, nikalikamua, nikalianika nyuma ya jikoni kwenye waya. Nilijisikia mgeni mwema kabisa.

Shosho nilimkuta zizini anatabasamu.

"Mwalimu, umekuja na baraka. Huyu ameanza joto jana jioni. Sikia."

Ng'ombe akalia kwa sauti ndefu, kama baragumu lenye mafua. Majani ya nepia yalikuwa mbele yake, hayajaguswa.

Moyo wangu uliruka. Wiki nzima mtafiti anaomba apate jambo la kweli, si la mazoezi, na hili hapa. "Shosho, utamwitaje daktari?"

"Si tayari?" akasema. Kisha akaiona simu mkononi mwangu, akaona uso wangu, na adabu ikamshika. "Haya, tutumie hiyo yako."

Tukakaa jikoni na chai. Programu ikadai neno la siri lenye herufi nane, mojawapo kubwa, na tarakimu. Shosho akauliza siri hiyo anafichwa nani, ng'ombe? Tukaweka neno. Programu ikakataa. Tukaweka lingine. Ikauliza kama yeye ni mfugaji, daktari au mdau mwingine. Akauliza mdau ni nani. Niliapa kutomsaidia, nikauma ulimi, nikaandika. Hatimaye kitufe kikubwa cha kijani kikatokea, akakibonyeza kwa kidole cha kati, taratibu, kama anayejaribu uji kama umepoa. Skrini ikaandika: *Ombi lako limepokelewa.*

"Tano," akasema shosho kabla sijauliza; swali letu lilikuwa limeshasambaa kilima kizima.

Nilimtazama. Alikuwa ametulia kabisa, anapuliza chai. Nikaandika kwenye daftari langu, na daftari hilo ninalo hadi leo: *Ana imani kubwa na mfumo.*

Ndipo tukasikia pikipiki. Ilikuja ikipanda kutoka chini, ikafika usawa wa geti, shosho akanyanyuka huku akifunga vizuri kitambaa cha kichwa. Pikipiki haikupunguza mwendo. Ilipita, ikaendelea kupanda, sauti ikafifia kwenye kona.

Shosho alibaki amesimama, mkono kichwani.

"Amepita," akasema.

"Nani?"

"Daktari."

"Lakini ombi limepokelewa, shosho. Imeandika hapa."

"Limepokelewa na nani?"

Nikaisoma skrini upya. Haikusema. Mimi, mwenye ripoti ya darasa la nne, miezi yote hiyo sikuwahi kuuliza swali hilo.

Nikapiga simu ya daktari. Ikalia, ikalia, ikakata. "Hiyo huwa ndani ya boksi ya pikipiki," akasema shosho akiwa tayari njiani kwenda getini. "Amefunga na nailoni. Ataishika jioni."

Getini alisimama mbele ya ule mwimo mtupu. Akaangalia chini. Akaangalia ua. Kisha akageukia kwa jirani na kupaza sauti iliyonifanya nielewe kwa nini hahitaji simu.

"Wewe! Mbuzi yako imekula tambara yangu!"

"Mbuzi gani?" Mama wa jirani alitokeza kichwa juu ya ua. "Mbuzi yangu imefungwa tangu jana!"

"Hata mwaka jana ilikuwa imefungwa, na ikakula soksi ya mzee wangu!"

"Hiyo soksi ilikuwa na shimo tayari!"

"Shosho," nikasema.

"Ngoja kwanza, mwalimu, huyu ananijua."

"Shosho, ni mimi."

Vichwa vyote viwili vikanielekea. Nadhani hata cha mbuzi. Nikaeleza kuhusu matope, kuhusu kwetu Nakuru, kuhusu ndoo na waya. Kadiri nilivyoeleza nilivyosuuza na kukamua, ndivyo nilivyozidi kuonekana mjinga.

Nao wakanieleza, kwa zamu. Ng'ombe akiwa na joto, unafunga tambara getini. Daktari hupanda barabara hii kila asubuhi akitazama mageti. Akiona tambara anaingia. Asipoona anapita, anazunguka kilele, anateremkia upande wa pili na kwenda zake. Harudi. Kila mtu Dundori anajua. Hata mbuzi, alisema jirani, anajua.

"Kwa hivyo," shosho akasema polepole, akinitazama miguuni, "barua yangu umepangusia viatu."

Nilitamani mlango wowote wa kioo, niupige kichwa.

"Kesho je?" nikauliza.

"Kesho joto limeisha. Na mtoto wangu anahesabu. Hii ndiyo ya tatu." Hakusema mchinjaji. Alimtazama ng'ombe kule zizini, aliyekuwa akilia bila kujua kwamba nimemwandalia safari.

Aliyepata ufumbuzi ni yeye, si mimi. Barabara inazunguka kilima, akasema, na daktari ana mageti ya kusimama njiani. Nikikata katikati ya shamba nitatokea mbele yake. "Chukua tambara. Funga kwa geti ya kwanza utakayopata. Yoyote. Kimbia, una miguu safi."

Nikakimbia. Niliingia shamba la viazi la jirani na tambara bichi shingoni. "Matuta! Kanyaga katikati ya matuta!" alipiga kelele yule wa mbuzi, na sijui kama nilimtii. Nilivuka kabeji, nikavuka mfereji, nikapoteza gambuti moja kwa sekunde chache nikairudia, na nikatokea barabarani mbele ya geti la bati. Nikafunga tambara. Nikainama kushika magoti na kutafuta pumzi.

Pikipiki ikakata kona. Ikapunguza mwendo. Ikasimama.

Daktari alikuwa kijana wa rika langu, mpole, mwenye koti la mvua la manjano. Hakuniuliza kitu. Alishuka, akavaa glavu yake ndefu inayofika begani, akabisha geti. Mzee mwenye gazeti akafungua.

"Ng'ombe iko wapi, mzee?"

"Ng'ombe gani? Niko na kuku tu."

Daktari akatazama tambara. Akamtazama mzee. Mkono wenye glavu ulikuwa bado umeinuliwa hewani.

"Kuku pia wameanza?"

"Ondoka na hiyo mkono kwa kuku wangu!"

"Ni langu!" nikasema, na wote wawili wakanigeukia. "Yaani, si langu. La shosho, yule mwenye ng'ombe wa doa jeupe. Mimi nilikosea, nililitoa. Tafadhali, rudi."

Daktari aliligusa tambara, akacheka. "Nilikuwa nashangaa. Hii ni ya shosho, kweli. Ilikuwa blauzi yake. Nikasema, mbona blauzi ya shosho imehamia kwa mzee wa kuku?"

"Unayajua matambara yote?"

"Si ndiyo kazi? Yule wa chini ni gunia, mwalimu mstaafu ni taulo ya bluu. Yule anayeweka mbili, ujue anataka haraka." Alikuwa anaivua glavu. "Wewe ndiye yule wa programu?"

"Ndiyo."

"Iko sawa sana," akasema kwa adabu. "Tano."

"Umewahi kuifungua?"

"Iko kwa simu. Simu iko kwa boksi." Akapiga mguu kuwasha pikipiki. "Panda, twende."

Nilirudi nimekumbatia mtungi wa mbegu za madume kama mtoto wa kukabidhiwa. Shosho alikuwa getini. Aliinua mikono yote miwili juu, sweta mbili zikapanda pamoja. Kazi yenyewe zizini haikuchukua muda. Daktari alipomaliza, aliosha mikono, akanywa chai yake wima, akaenda zake. Mimi nilibaki na daftari. Nikafuta ile sentensi kuhusu imani na mfumo, kisha nikairudisha, kwa sababu ilikuwa kweli. Mfumo tu ndio niliokosea.

Wiki ile ilipoisha nilirudi Njoro na kuandika ripoti. Mkuu wangu aliisoma akiwa amesimama.

"Hapa umeandika, 'Mtafiti aliharibu mfumo uliokuwa ukifanya kazi.' Hii ni matokeo gani?"

"Ndiyo matokeo."

"Grafu iko wapi?"

Nilimchorea geti. Hakucheka siku hiyo, ingawa mchoro huo baadaye niliuona umebandikwa ukutani kwake. Tukabishana wiki mbili. Alisema tambara haliwezi kuvuka bonde. Nikasema daktari anavuka. Alisema wapo wasio na barabara mbele ya geti, na hapo alikuwa na haki, nikamkubalia shingo upande. Lakini kila nilipojaribu kubuni kitu cha kumsaidia shosho nilikuta ameshakibuni. Nilitaka simu imkumbushe siku ya ishirini na moja. Kumbe ukutani zizini ana mistari ya mkaa, mmoja kila asubuhi.

Nilikuwa naihesabu mistari hiyo nikiwa Njoro, bila mkaa. Siku ya ishirini na moja ndiyo ya hukumu: ng'ombe akirudi kwenye joto, hakushika. Tambara jekundu litafungwa tena, na safari hii atakayeingia hatakuwa daktari. Hakuna aliyenituma kwenda Dundori siku hiyo. Nilimwambia mama naenda kazini. Akauliza, "Kumtazama mtu akikwama?" Nikasema ndiyo, na nilimaanisha mimi.

Njia ilikuwa na matope yale yale. Kwenye kona ya mwisho niliamua kutotazama, kisha nikatazama, na getini palikuwa na tambara.

Nilisimama. Ukungu ulikuwa unapita, tambara linaonekana na kupotea. Nilipokaribia niliona kwamba si jekundu. Lilikuwa kipande cha gunia. Na halikufungwa juu ambapo mtu wa pikipiki angeliona. Lilifungwa chini kabisa, karibu na ardhi, mahali ambapo halina maana kwa mtu yeyote ila mwenye miguu michafu.

"Hiyo ndiyo yako!" shosho akapaza sauti kutoka zizini. "Pangusa, uingie!"

Nikapangusa. Nilipangusa kwa uangalifu ambao gambuti hizo hazikuwahi kuupata. Kisha nikaenda zizini. Ng'ombe alikuwa amelala, anacheua, ametulia kama mama aliyemaliza kufua. Nepia yote ilikuwa imeisha.

"Halii?"

"Tangu jana namsikiliza. Kimya."

"Lakini huo si uthibitisho kamili, shosho. Daktari lazima ampime baadaye. Pengine..."

"Wewe uliza tu," akasema. "Yeye amejibu."

Ndani, akimimina chai, aliniambia kwamba mtoto wake alipiga simu alfajiri, naye akamjibu kwamba mchinjaji atafute kazi kwingine. Aliniwekea kikombe. Kiti chenye mto hakukileta. Nilikaa kwenye kigoda karibu na jiko, pale alipokuwa akilala yule ng'ombe akiwa ndama.

Nikatoa fomu. Sikutaka kuitoa, lakini mkuu wangu bado alikuwa anaidai.

"Shosho, ile programu yetu. Kutoka moja hadi tano."

Alikunywa kidogo. Akatazama paa, akapiga hesabu.

"Mbili," akasema. "Na hiyo ya pili ni kwa sababu ulikimbia."

Nikaandika mbili. Ilikuwa mbili ya kwanza katika mradi mzima. Nilipoinua kichwa, alikuwa ameshaniongezea chai.